Maktaba za video zimekufa: Sasa tumuulize nani?

KIJANA wa leo wa Masasi au Newala ukimweleza kwamba kulikuwa na wakati mtu akitembea nusu saa kwenda kukodi filamu, jina lake likaandikwa kwenye daftari, na kesho yake akaurudisha mkanda akiwa ameshauzungusha mpaka mwanzo ili asitozwe faini, atakutazama kana kwamba unamsimulia habari za Vita vya Majimaji. Na wala wakati huo si wa mbali. Mimi niliyezaliwa mwishoni mwa miaka ya 1980 nimeuishi, na wasomaji wengi wa safu hii wameuishi.

Naizungumzia maktaba ya video, au laibrari kama wengi walivyozoea kuiita. Masasi ni mji wa njia panda, barabara za Mtwara, Tunduru, Nachingwea na Newala zote zinakutana hapo, na laibrari zilikuwa pale pale penye watu, jirani na stendi na soko. Chumba kimoja, rafu za mbao, makasha ya mikanda yaliyopauka kwa jua, na mwenye duka ameketi nyuma ya meza. Ukipanda juu Newala, ukingoni mwa uwanda wa Makonde, hali ilikuwa hiyo hiyo, ila ndogo zaidi. Laibrari ilikuwa na ndugu yake, banda la video, ambalo mtu mwenye deki, televisheni na jenereta aliweza kulifungua hata kijijini kusikokuwa na nguzo ya umeme. Sarafu ya shilingi 100 ilitosha kukuingiza. Msimu wa korosho ukifika, kuanzia Oktoba, fedha zikishaingia mikononi mwa watu, mabanda yalijaa mpaka watu wakasimama. Tulitazama filamu za Kihindi na za mapigano, sauti ya Lufufu ikitutafsiria. Zikaja za Nigeria, kisha katika miaka ya 2000 zikaja zetu wenyewe, hata jina la Steven Kanumba, aliyefariki Aprili 2012, likajulikana na bibi asiyejua jina la mbunge wake.

Ikumbukwe kwamba televisheni Tanzania Bara ilianza mwaka 1994 tu, ilhali ndugu zetu wa Zanzibar walikuwa nayo tangu miaka ya 1970. Kwa mtu wa kusini, deki ndiyo iliyokuwa televisheni.

Sasa vyote hivyo vimekwisha. Huko Marekani kisa hiki kinasimuliwa kwa wepesi: kampuni ya Blockbuster ilikuwa na maduka yapatayo 9,000 mwaka 2004, mwaka 2010 ikatangaza kufilisika, na duka lililobaki na jina hilo ni moja, lipo mji wa Bend katika jimbo la Oregon. Anayetajwa kuwa muuaji ni Netflix, ambayo yenyewe ilianza kwa kuwatumia watu DVD kwa posta, ikaanza kurusha filamu kwa intaneti mwaka 2007, na Januari 2016 ikafungua huduma zake katika nchi zaidi ya 130 kwa mpigo, Tanzania ikiwemo. Lakini mtu asije akatuambia kwamba Netflix ndiyo iliyozika laibrari za Masasi. Mkulima wa korosho hakuisubiri Netflix. Kwetu kifo kilikuja kwa hatua. Kwanza zilikuja CD na DVD zenye filamu nyingi katika sahani moja, bei ya kununua ikakaribiana na bei ya kukodi. Kisha vikaja ving'amuzi. Mwaka 2011 tayari TBC ilikuwa imeonesha tamthilia ya Kichina ya Doudou na mama wakwe zake ikizungumza Kiswahili. Matangazo ya analojia yakaanza kuzimwa Dar es Salaam tarehe 31 Desemba 2012. Mwisho wa mwaka 2013 ikaingia Azam TV. Halafu ikaja flashi. Mwisho wa yote ni simu janja na bando. Mkongo wa baharini wa SEACOM ulifika Dar es Salaam mwaka 2009, na haikuchukua miaka mingi YouTube ikawa mfukoni mwa kijana anayeokota korosho Kitangari.

Wapo waliosema alhamdulillah. Na kwa hakika walikuwa na sababu. Kwa miaka mingi mabanda ya video yalilalamikiwa katika khutba: watoto wanatoroka madrasa, swala ya Magharibi inapita huku jambazi bado hajakamatwa, na usiku wa manane baadhi ya mabanda yalionesha uchafu ambao siwezi kuuandika hapa, watoto wakichungulia kwenye matundu ya mabati. Malalamiko hayo yalikuwa ya kweli na sina nia ya kuyapunguza uzito. Anayekumbuka mabanda kama pepo iliyopotea hakuyajua vizuri.

Lakini tuwe wakweli. Mabanda hayakufa kwa khutba. Yamekufa kwa sababu ya biashara, na yaliyobaki ni vibanda umiza vya kutazamia mpira. Na kile kilichokuwa kikioneshwa usiku wa manane hakikufa pamoja na banda. Kimehamia mahali ambapo hakuna tundu la mtu kuchungulia wala mlango wa mzee kugonga.

Hapa ndipo linapozaliwa swali ambalo nimekuwa nikilijadili na walimu wenzangu na hata na wanafunzi wangu wa somo la Elimu ya Dini ya Kiislamu. Je, kuna jambo lolote lenye thamani ya kimaadili tulilolipoteza laibrari zilipokufa? Au tumebadilisha chombo tu, na mtu mwema amebaki mwema na muovu amebaki muovu?

Mwalimu mwenzangu mmoja ana msimamo mkali. Anasema hatukupoteza kitu. Mtu aliyeacha kukodi mkanda mchafu kwa sababu anamwonea haya mwenye duka, huyo hakuacha kwa ajili ya Allah (SW), aliacha kwa ajili ya watu. Simu imemfichua tu alivyokuwa. Mwalimu huyu hupenda kutukumbusha ile hadithi ya mwanafalsafa wa Kiyunani, Plato, aliyeisimulia zaidi ya miaka 2,300 iliyopita, ya mchungaji wa Lydia aliyepata pete ambayo akiigeuza kidoleni haonekani. Hakupita muda mchungaji yule akawa amemtongoza malkia na kumuua mfalme. Swali la Plato ni kama kuna mtu angeivaa pete ile na bado akabaki mwadilifu. Na Muislamu, anasema mwalimu huyu, jibu analo, kwa kuwa hakuna pete inayomficha mja na Mola wake. Imamu Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, ametenga kitabu kizima ndani ya Ihya kuhusu muraqaba, yaani mja kujiona daima yuko chini ya uangalizi wa Mola wake. Kwa hiyo, kwa hoja hii, simu ni mtihani safi zaidi kuliko laibrari.

Hoja hii ina nguvu, nami naikubali nusu yake. Nusu nisiyoikubali ni ile inayomchukulia binadamu kana kwamba anazaliwa akiwa na muraqaba iliyokamilika. Hakuna mtoto wa namna hiyo. Mtoto huanza kwa kuogopa jicho la mama, kisha la mwalimu wa madrasa, kisha la jirani, na kwetu kusini, katika koo zetu za Kimakonde, Kimakua na Kiyao zinazofuata upande wa mama, zaidi ya wote ni jicho la mjomba. Kutokana na macho hayo, taratibu, ndipo moyo hujifunza kujitazama wenyewe. Mtume (SAW) ameifundisha haya kuwa ni katika imani, na sijapata kusoma mwanachuoni aliyesema kwamba haya ya mtoto mbele ya wakubwa zake ni unafiki. Ngazi haiitwi uongo kwa kuwa si paa.

Hata hivyo, sitaki kulisifu jicho la watu kupita kiasi, na hapa nitasema jambo ambalo baadhi ya wasomaji hawatalipenda. Jicho lile halikuwa la haki. Mwanamume mtu mzima aliingia laibrari, akachukua alichotaka kilichofungwa kwenye gazeti, akatoka, na watu wakanyamaza. Msichana akionekana amesimama mlangoni kwa dakika tano akichagua filamu ya Kihindi tu, habari zilifika kwao kabla yake. Banda lenyewe lilikuwa la wanaume. Mwanamke mwenye heshima zake hakukaa humo. Leo mama wa nyumbani Newala anasikiliza darsa kwenye simu yake huku anachambua mboga, darsa ambayo zamani ingemlazimu aombe ruhusa na nauli. Anayesema simu imeleta shari tupu amewasahau kina mama. Na mengi tuliyoyaita kulinda maadili siku zile yalikuwa ni kusengenya, na sote tunajua Qur'an imelifananisha na nini jambo hilo.

Basi kama si jicho la watu, ninachokililia ni nini?

Ninachokililia ni yule mtu nyuma ya meza. Mwenye laibrari alikuwa mtu. Alikuwa na jina, na ukoo, na sehemu yake anayokaa msikitini siku ya Ijumaa. Baba aliyekuta mtoto wake amekodishwa mkanda usiofaa hakuhitaji kujua kusoma wala kujua deki inavyofanya kazi. Aliitazama picha kwenye kasha, akalibeba, akaenda nalo dukani, akaliweka mezani na kuuliza, "Umempa mwanangu kitu gani hiki?" Mwenye duka angeweza kubisha, angeweza kuomba radhi, angeweza hata kumtukana, lakini hakuweza kukwepa kuulizwa. Na kwa kuwa alijua ataulizwa, wapo mikanda waliyokuwa wakiificha chini ya meza na wakikataa kumpa mtoto hata akileta fedha kamili. Wengine walikuwa ni watu wabaya na walimpa kila mtu kila kitu, lakini mji mzima uliwajua ni kina nani.

Tofauti hii ni kubwa kuliko inavyoonekana. Kumtazama anayetazama ni jambo moja. Kumuuliza anayetoa ni jambo jingine kabisa. La kwanza linaweza kugeuka umbeya na uonevu. La pili ndilo linaloiweka biashara ndani ya sheria. Katika fiqhi ya ijara, manufaa ya kitu kinachokodishwa lazima yawe ya halali, kwa hiyo anayekodisha hana nafasi ya kusema mimi nimetoa tu, yeye ndiye aliyetumia. Serikali nayo, kwa njia yake, ilielewa hivyo hivyo: Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 inataka filamu ikaguliwe na mahali pa kuioneshea pawe na kibali, yaani awepo mtu wa kushikwa mkono.

Leo anayetoa ni nani? Mtoto amefungua YouTube kutafuta qaswida. Qaswida imekwisha, video nyingine inajianza yenyewe bila kuombwa, na baada ya hiyo nyingine. Hakuna mkanda wa kuzungusha nyuma, hakuna mwenye duka anayetaka kufunga akalale. Baada ya nusu saa mtoto yuko mahali ambapo hakukusudia kwenda. Aliyemchagulia video ya tano ni programu. Programu haina akili ya kisheria, si mukallaf, haitasimamishwa Siku ya Kiyama. Mhandisi aliyeiandika atasema hakumkusudia mtoto wa Newala, hata haijui Newala. Kampuni itasema yenye video ni ya aliyeipandisha. Aliyeipandisha atasema hakuiita iende kwa watoto. Kila mmoja ana udhuru unaosikika, na ukizijumlisha nyudhuru zote unakuta dhambi ipo na mwenyewe hayupo.

Wanazuoni wetu hawakuijua intaneti, lakini jambo la dhambi kugawanyika baina ya watu walilijua vizuri. Wanatofautisha kati ya mubashir, anayetenda kwa mkono wake, na mutasabbib, anayesababisha. Mfano wao ni wa shimo: mmoja amechimba shimo, mwingine amemsukuma mtu humo. Wawili hao wakikutana, hukumu humwangukia aliyesukuma. Kwa kipimo hicho mtu mzima anayebonyeza simu yake hana wa kumsingizia. Kidole ni chake. Lakini wanazuoni hao hao wanasema kwamba mtendaji akiwa ni mtu asiyebeba dhamana, kama mtoto mdogo asiyepambanua, dhamana humrudia aliyesababisha. Sasa tuwatafute wasababishaji wa mtoto huyu. Mmoja yuko California. Mwingine yuko hapa hapa Masasi. Ni yule aliyeuza korosho, akaingia dukani na kununua simu, akamwekea mtoto bando, akajiona amefanya la maana kwa kuwa kelele zimepungua nyumbani.

Mzee mmoja wa Newala, ambaye kijana wake anasoma kidato cha pili hapa Masasi, alinijia na jambo hili hili. Akaniambia, "Ustadhi, nimemnunulia simu kwa ajili ya masomo. Sasa sina amani. Nimpekue akilala?"

Nikamkumbusha kisa maarufu kinachosimuliwa vitabuni cha Sayyidna Umar (RA), aliyepanda ukuta wa nyumba ya mtu usiku akamkuta katika maasi. Mtu yule akamwambia kwamba yeye amekosea jambo moja lakini Umar amekosea matatu: amepeleleza, amepita pasipokuwa mlango, na ameingia bila idhini wala salamu. Inasimuliwa kwamba Umar alimwacha. Nikasema, "Mzee wangu, ukimpekua usingizini utamfundisha kuficha vizuri zaidi. Muombe simu mchana, mbele yake, kama ulivyompa mchana."

Akanyamaza, kisha akasema jambo ambalo mpaka leo linanisumbua. "Na nikishaishika, Ustadhi, nitaona nini? Kuifungua siwezi. Yeye ndiye anayenisomea ujumbe wa fedha zangu."

Hapo ndipo ilipo tofauti halisi ya zama hizi mbili. Baba huyu si mzembe. Angekuwa na mtoto wa rika hilo mwaka 2002 angelitazama kasha, akajua, akaenda kuuliza. Leo mamlaka yake yote kama baba yanapita katika mkono wa yule yule anayetakiwa kumsimamia. Kumwambia tu kwamba mutasabbib ni yeye, kisha nikamwacha na mzigo huo, isingekuwa fiqhi, ingekuwa ukatili. Nilimwambia simu ikae sebuleni usiku, na kwamba amtafute mtu mzima mmoja anayeijua simu, ambaye kijana anamheshimu, awe anakaa naye. Akamtaja mjomba wa kijana, fundi hapa mjini. Sikupata jibu bora kuliko hilo. Wapo watakaosema ni dogo mno mbele ya kampuni zenye mabilioni ya dola, na sitabishana nao.

Serikali nayo inahangaika na tatizo lile lile. Kanuni za Maudhui Mtandaoni zilitoka mwaka 2018 na zikaandikwa upya 2020, na kwa sehemu kubwa ni jitihada za kumtafuta mtu wa kuulizwa: nani amesajiliwa, nani ana leseni. Zinampata kijana wa Dar es Salaam mwenye televisheni ya mtandaoni. Kile kinachochagua video ya tano ya mtoto wetu hakina ofisi Masasi.

Ila kuna mtu mmoja ambaye bado ana ofisi. Bando ni ghali, na si kila siku lipo. Kwa hiyo mpaka leo sokoni utamkuta kijana na kompyuta yake, spika nje, akiwajazia watu muvi na tamthilia kwenye flashi na memori kadi. Huyu ndiye laibrari ya mwisho. Hakuna anayemtaja katika khutba wala kwenye vikao vya wazazi. Tunampita tu tukienda kununua samaki. Anachagua yeye nini kiingie kwenye flashi ya mtoto wa miaka 12, na akijaziwa folda zima mtoto hupokea mazuri na mabaya kwa pamoja. Lakini ana meza, ana jina, na ukimuuliza atajibu.

Nilipomweleza mzee yule kwamba bando likiisha kijana wake huenda kwa mmoja wa hao, aliniuliza ni yupi. Nikamwelekeza: kwao Chiungutwa, baba yake mdogo tunaswali naye. Akasema atapita kwake Jumamosi, atakapomletea mtoto fedha ya matumizi.